Kutoka Mombasa ya Angani Hadi Namba Moja

Katika orodha rasmi ya mawe yanayolizunguka Jua, namba 1428 ni Mombasa. Inayofuata, 1429, ni Pemba. Kabla yake, 1427, ni Ruvuma. Kenya iko kwenye 1278 na jirani yake Uganda kwenye 1279, na ukisonga mbele utaikuta Tanga kwenye 1595. Hakuna hata moja inayoonekana kwa macho matupu. Ni asteroidi, miamba isiyofika ukubwa wa sayari, iliyomo kwenye ukanda mpana kati ya Mirihi na Mshtarii.

Majina haya yanafurahisha, lakini kilichonivuta mimi ni namba. Asteroidi haipewi namba siku inapoonekana. Huipata baada ya kuonekana tena na tena, mpaka njia yake ijulikane vya kutosha mtu aweze kusema mapema kwamba usiku fulani itakuwa mahali fulani. Nyuma ya kila namba, basi, yuko mtu aliyerudi kuangalia. Nimeifuata orodha hiyo kinyumenyume, kutoka Mombasa hadi namba 1, ili niwaone watu hao mmoja mmoja.

Mombasa, Pemba na Ruvuma zote zilionekana mwaka 1937 katika kituo cha falaki cha Union Observatory, Johannesburg. Aliyeziona ni mtu mmoja, Cyril Jackson, mzaliwa wa Uingereza aliyefanya kazi Afrika Kusini. Kenya na Uganda alikuwa amezipata miaka minne kabla. Kwa jumla anahesabiwa kuwa mgunduzi wa asteroidi 72. Vituo vingi vya falaki wakati huo vilikuwa Ulaya na Marekani, na anga la kusini halikufikiwa vizuri kutoka huko. Johannesburg ilikuwa mahali pazuri pa kuliangalia.

Kazi yenyewe ilikuwa ya picha. Kamera iliachwa wazi kwa muda mrefu ikifuata mwendo wa nyota, na mwanga ukanaswa kwenye bamba la kioo lililopakwa kemikali. Nyota zilitoka kama vidoa. Jiwe linalotembea liliacha mchirizi mfupi, au lilikutwa mahali pamoja kwenye bamba la kwanza na mahali pengine kwenye bamba la usiku mwingine. Mtafutaji alikaa na mabamba mawili ya kipande kilekile cha anga, akatafuta kilichohama. Majina aliyoyatoa Jackson yana alama ya zama zake: namba 1197 ni Rhodesia, nchi ambayo imefutwa kwenye ramani ya Afrika ila kwenye orodha hii imebaki.

Ukirudi nyuma kutoka Jackson, picha zinakoma kwenye namba 323. Hiyo ni Brucia, iliyonaswa na Max Wolf wa Heidelberg mnamo Desemba 1891, na ndiyo asteroidi ya kwanza kugunduliwa kwa kamera. Zote zilizotangulia, mia tatu na zaidi, zilipatikana kwa jicho la mtu kwenye darubini, ramani ya nyota ikiwa pembeni.

Katika hao wa jicho na ramani, ninayemheshimu kuliko wote ni Karl Ludwig Hencke. Alikuwa mtumishi wa posta katika mji wa Driesen, uliokuwa Prussia na sasa uko Poland kwa jina la Drezdenko. Hakuwa na cheo katika falaki. Mwaka 1830 alianza kutafuta asteroidi mpya wakati ambapo wataalamu walikuwa wamekata tamaa. Nne zilikuwa zimepatikana kati ya 1801 na 1807, kisha kimya. Wengi waliamini zimekwisha. Hencke alijichorea ramani zake, akatia ndani nyota hafifu ambazo ramani za wakati huo hazikuwa nazo, na kila palipokuwa na anga safi akalinganisha karatasi na mbingu. Alifanya hivyo miaka 15. Tarehe 8 Desemba 1845 aliona nyota isiyokuwamo kwenye karatasi. Hiyo ni Astraea, namba 5. Mwaka 1847 akapata nyingine, Hebe, namba 6, na baada yake mlango ukafunguka: kila mwaka zilipatikana mpya, hata kufikia 1868 zilikuwa 100.

Wingi huo ndio uliozaa namba. Hapo kabla kila asteroidi ilichorewa alama yake, kama sayari zilivyokuwa na alama zao. Alama zilipokuwa nyingi na ngumu kukumbukwa, kitabu cha mwaka cha falaki cha Berlin kilianza kutumia namba ndani ya duara. Mwanzoni hesabu ilianzia kwa Astraea ya Hencke, kwa kuwa zile nne za kale ziliachiwa alama zao; muda si mrefu nazo zikaingizwa, Astraea ikasogezwa hadi 5, na namba 1 ikapewa Ceres.

Kati ya Astraea na Ceres kuna tatu tu. Vesta, namba 4, ilionekana Machi 1807. Pallas, namba 2, Machi 1802. Zote mbili ziligunduliwa na Heinrich Olbers, daktari wa Bremen aliyetibu watu mchana na kuangalia nyota usiku kutoka ghorofa ya juu ya nyumba yake. Pallas aliiona wakati akifuatilia sehemu ya anga ambamo Ceres ilikuwa imepita: palikuwa na nyota moja ya ziada, na yeye aliijua sehemu ile vizuri mno kiasi cha kutodanganyika. Juno, namba 3, ilipatikana na Karl Harding mwaka 1804 huko Lilienthal.

Sasa tumefika kwa namba 1, na hapa inabidi kutua.

Tangu zamani watu walizijua sayari tano zinazoonekana kwa macho: Utaridi, Zuhura, Mirihi, Mshtarii na Zohali. Johannes Kepler, mwaka 1596, aliona nafasi kati ya Mirihi na Mshtarii ni kubwa kupita kiasi, akadhani humo mna sayari isiyoonekana. Mwaka 1766 Johann Daniel Titius akaleta hesabu ya ajabu, akiichomeka ndani ya kitabu cha mtu mwingine alichokuwa akikitafsiri. Chukua umbali wa Zohali kutoka kwenye Jua, uuite 100. Utaridi itakuwa kwenye 4, Zuhura 7, Dunia 10, Mirihi karibu na 16, Mshtarii 52. Ondoa 4 katika kila moja: unapata 0, 3, 6, 12, 48, 96. Kuanzia 3, kila namba ni mara mbili ya iliyotangulia, isipokuwa 24 imerukwa. Kwenye 28, kwa hesabu hiyo, palipaswa kuwa na kitu.

Johann Elert Bode wa Berlin aliisambaza kanuni hiyo. Haikuwa na sababu yoyote ya kimaumbile nyuma yake, na leo wanafalaki hawaipi uzito wa sheria. Lakini mwaka 1781 William Herschel alipogundua Uranus, sayari hiyo ilikutwa kwenye 192, na kanuni ilikuwa imesema 196. Baada ya hapo ikawa vigumu kuipuuza ile 28.

Septemba 1800, wanafalaki sita walikutana Lilienthal, karibu na Bremen, wakiongozwa na Franz Xaver von Zach. Wakaugawa mkanda wa burji, njia ambayo sayari hupita angani, katika vipande 24 vya nyuzi 15 kila kimoja, na kila kipande kikakusudiwa kupewa mtu wa kukilinda. Kundi hilo likaja kuitwa polisi wa anga. Mmoja wa waliopangwa kualikwa alikuwa padri wa Palermo, Sicilia, aitwaye Giuseppe Piazzi. Alikiona walichokuwa wakikitafuta kabla mwaliko haujamfikia.

Piazzi hakuwa akitafuta sayari. Alikuwa akitengeneza orodha ya nyota. Juu ya mnara wa ikulu ya Palermo alikuwa na chombo bora kuliko vingi vya Ulaya: duara la kupimia lenye kipenyo cha futi 5, lililoundwa London na Jesse Ramsden. Ramsden alikuwa fundi mkubwa na mcheleweshaji mkubwa vilevile. Piazzi alisafiri hadi Uingereza na kumsimamia mpaka chombo kikakamilika mwaka 1789. Na utaratibu wake wa kazi ulikuwa huu: hakuipima nyota usiku mmoja akaiacha. Alirudi kuipima usiku mwingine na mwingine, ndipo akaiandika.

Jioni ya tarehe 1 Januari 1801, katika burji ya Ng'ombe, aliandika mahali pa nyota moja hafifu. Usiku wa pili nyota hiyo haikuwa pale alipoiandika. Alidhani amekosea kipimo. Usiku wa tatu ikawa imehama tena, kwa kiasi kilekile na upande uleule. Mtu wa kupima mara moja asingejua kitu. Angebaki na nyota moja zaidi kwenye orodha yake, na nyota hiyo isingeonekana tena kamwe.

Tarehe 24 Januari Piazzi aliwaandikia wenzake, akiwemo Bode. Kwa tahadhari alikiita kile kitu kometi. Ila hakikuwa na mkia wala ukungu, na kilikwenda polepole, kwa utulivu. Kwa rafiki yake Barnaba Oriani wa Milano alidokeza kwamba huenda ni kitu bora kuliko kometi. Aliendelea kukipima hadi tarehe 11 Februari, kisha ugonjwa ukamzuia. Barua zilikwenda taratibu katika Ulaya ya vita vya Napoleon. Ya Bode ilifika Machi, na kufikia hapo kile kitu kilikuwa kinazama kwenye mwanga wa Jua. Kingetokea upande wa pili baada ya miezi, lakini wapi? Piazzi alikuwa amekifuata siku 41 tu, na katika muda huo kilikuwa kimesogea nyuzi 3 hivi, kama upana wa Mwezi mpevu mara sita. Wapo waliomlaumu kwa kuchelewa kutoa vipimo vyote. Naelewa kilichomfanya asite: alitaka kuikokotoa njia yake mwenyewe. Lakini lawama ile haikuwa ya bure, kwani kila wiki iliyopita iliongeza hatari ya kukipoteza kabisa.

Vipimo vyake vilichapishwa kikamilifu Septemba, katika jarida la von Zach. Vilisomwa na kijana wa miaka 24 wa Braunschweig, Carl Friedrich Gauss, mtoto wa familia maskini aliyesomeshwa kwa fadhila ya mtawala wa mji wake. Wengine waliojaribu hesabu hiyo walikuwa wamerahisisha mambo, kwa mfano kwa kudhani njia ni duara. Gauss hakudhania. Alitafuta namna ya kuipata duaradufu kamili kutoka katika vipimo vitatu tu, kisha akaijaribu kwa vipimo vilivyobaki na kuirekebisha mpaka vyote vikalingana kwa karibu. Jibu lake lilielekeza sehemu ya anga iliyo mbali na zile za wenzake.

Von Zach aliona kitu tarehe 7 Desemba, lakini mawingu yakamnyima uhakika. Usiku wa tarehe 31 Desemba 1801 anga lilisafika, na Ceres ikaonekana karibu kabisa na pale Gauss aliposema. Usiku uliofuata, mwaka mmoja kamili tangu Piazzi aione, Olbers naye aliiona kutoka Bremen. Umbali wake kutoka kwenye Jua, kwa kipimo cha Titius, ulikuwa 27.7.

Namba 1 ndivyo ilivyopatikana: padri aliyepima mara tatu, na kijana aliyekokotoa upya hesabu ambazo wakubwa wake walikuwa wamezifunga. Piazzi aliipa jina la Ceres Ferdinandea, kwa heshima ya mungu wa kilimo wa Warumi aliyeenziwa Sicilia, na ya mfalme Ferdinand. Jina la mfalme halikudumu.

Furaha ya kwamba pengo limezibwa ilikuwa ya miezi mitatu. Pallas ilipotokea karibu na umbali uleule, watu walichanganyikiwa. Herschel alizielekezea darubini zake kubwa na bado aliziona kama nukta. Alikadiria Ceres kuwa na upana wa chini ya kilomita 300, akapendekeza zisiitwe sayari bali asteroidi, yaani zenye sura ya nyota. Makadirio yake yalikuwa madogo mno, kwa maana upana halisi ni kilomita 940 hivi. Hata hivyo, kwa jambo kubwa alikuwa amesema kweli. Olbers alidhani ni vipande vya sayari iliyopasuka. Hilo halikusimama: asteroidi zote za ukanda huo zikikusanywa pamoja hazifiki hata asilimia 5 ya masi ya Mwezi wetu, na Ceres peke yake ni karibu theluthi ya jumla hiyo. Ni malighafi ya sayari ambayo haikuundwa, kwa sababu mvuto wa Mshtarii uliivuruga.

Vitabu viliendelea kuiita Ceres sayari kwa karibu nusu karne, hadi wimbi la baada ya Hencke lilipoisukuma nje. Waliohuzunika Pluto ilipoondolewa wangeisoma historia hii kwanza. Pluto iligunduliwa tarehe 18 Februari 1930 huko Flagstaff, Arizona, na Clyde Tombaugh, aliyekuwa akilinganisha mabamba ya picha ya usiku tofauti wa Januari, kwa njia ileile ya akina Jackson. Ikaitwa sayari ya tisa. Mwaka 1992 David Jewitt na Jane Luu wakapata jiwe jingine mbali ng'ambo ya Neptuni, kisha yakafuata mengine mengi. Mwaka 2005 ikatangazwa Eris, yenye ukubwa unaokaribiana na wa Pluto na masi kubwa zaidi. Tarehe 24 Agosti 2006, mkutano wa Umoja wa Kimataifa wa Astronomia uliofanyika Prague uliamua kuwa Pluto, Eris na Ceres ni sayari vibete; Haumea na Makemake zikaongezwa mwaka 2008. Pluto ikaingizwa kwenye orodha ileile tunayoifuata, namba 134340. Ceres, iliyokuwa imeshushwa miaka 150 kabla, ikapandishwa daraja bila kuacha namba yake. Mimi naona uamuzi ule ulikuwa wa haki. Ukipata jirani mmoja unaweza kumwita wa pekee. Ukipata maelfu, ni lazima uandike upya.

Kilichokuwa nukta kwa Piazzi kikaja kupata sura. Chombo cha Marekani kiitwacho Dawn kiliondoka duniani Septemba 2007, kikaizunguka Vesta kwa zaidi ya mwaka, kisha kikafika Ceres tarehe 6 Machi 2015. Ndani ya kasoko ya Occator, yenye upana wa kilomita 92, kilikuta madoa meupe yanayong'aa: chumvi, hasa magadi, iliyoachwa na maji ya chumvi yaliyopanda kutoka chini ya ardhi na kukauka. Upo mlima wa pekee, Ahuna Mons, wenye kimo cha kilomita 4 hivi. Kasoko za Ceres hupewa majina ya miungu na roho za kilimo za mataifa mbalimbali, na Afrika imo: Dantu ni ya Wagã wa Ghana. Dawn iliishiwa mafuta ya kujigeuza mwishoni mwa Oktoba 2018. Bado inaizunguka Ceres, kimya.

Vipande vya ukoo huu vimetufikia nyumbani. Tarehe 14 Agosti 1992 mawe yalinyesha juu ya Mbale, Uganda. Kijana mmoja alipigwa kichwani na kipande cha gramu chache kilichopunguzwa kasi na majani ya mgomba, na hakuumia. Na Mbozi, mkoani Songwe, kipo kimondo cha chuma chenye urefu wa mita 3 hivi na uzito unaokadiriwa kati ya tani 12 na 16. Chuma kilichochanganyika na nikeli namna hiyo hutoka kwenye kiini cha jiwe kubwa la angani lililoyeyuka, likapoa, kisha likavunjwa kwa migongano. Anayepita barabara ya Mbeya kwenda Tunduma asikikose kimondo hicho.

Leo asteroidi zinazojulikana zimezidi milioni moja, na nyingi hupatikana kwa kompyuta zinazolinganisha picha za usiku mmoja na mwingine. Lakini Ceres bado iko ndani ya uwezo wa mtu wa kawaida. Kila baada ya miezi 15 hivi hufika mahali ambapo darubini ndogo ya macho mawili inatosha kuiona, mbali na taa za mji. Mwalimu wa sayansi, waombe wanafunzi wako watafute tarehe hiyo na sehemu ya anga husika. Wachore kila nyota wanayoiona hapo, hata zile hafifu. Baada ya siku mbili tatu warudi na karatasi ileile. Nukta iliyohama ndiyo namba 1.